Mihogo Iliyoita Ndeke

Wanaume wa kwetu wakisimulia vita wanaanza na bunduki. Mi naanza na mihogo, na asiyetaka habari za mihogo ainuke aende zake. Mume wangu nusura auawe kwa sababu ya mihogo. Nusu yake ilikuwa yangu, na nusu ilikuwa ya mama yake mzazi.

Tulikuwa tunakaa upande wa Mutshatsha, mwendo mfupi kutoka reli, miaka ile nchi ilipoitwa Zaïre na kila mtu akalazimishwa kuitwa sitwayeni, yaani mwananchi. Kabla ya hapo tulikaa Kolwezi. Mume wangu alikuwa na kazi kwenye kiwanja cha ndeke cha kampuni moja. Nasema ndeke kwa sababu kwetu wa chuma na wa mtini wote ni ndeke. Kazi yake haikuwa ya kujivunia: kufyeka majani, kufukuza mbuzi, na kutandika alama nyeupe chini. Alama yenyewe ilikuwa vitambaa viwili virefu vilivyopangwa kwa umbo la herufi T. Rubani akiwa juu hauoni upepo, kwa hiyo anaitafuta T. Kichwa chake kinalala upande upepo unakotoka, mguu unafuata nyuma, naye anajua ashuke akielekea wapi. Haya yote alinieleza wakati wa uchumba, akichora chini kwa kijiti. Nikamwambia, "Acha kuchora, sema utakuya siku gani kwa baba yangu."

Baadaye kampuni ikapunguza watu, naye akawa mmoja wao. Tukahamia shambani kwa wazazi wake. Hapo ndipo shida zangu zilipoanza, kabla hata ya vita.

Mama mkwe wangu alikuwa mtu wa Kasai. Mume wake aliletwa zamani kuchimba shaba, akazeekea huku, akafa mwaka wa pili wa ndoa yetu. Mama huyo alikuwa mkubwa wa bamama ba parokia. Hakupandisha sauti hata siku moja. Akikukasirikia alikuita "mwanangu", na akikukasirikia zaidi alitabasamu. Mi ni mtoto wa Sandoa, nina mdomo, na mtu asiyegomba simuelewi. Nilipenda anitukane tu yaishe.

Ugomvi wetu ulikuwa bukari, yaani ugali. Kwetu Sandoa bukari ni ya mihogo mitupu. Tunailoweka mtoni mpaka ilainike na kunuka vizuri. Nasema vizuri, na sitabadilisha neno hilo. Kwao wanachanganya unga wa mahindi na mihogo kidogo, na mihogo yao hata mtoni haikai sana, ni kama wanaiogesha tu. Tangu niolewe, mama mkwe hakuwahi kutia bukari yangu mdomoni. Nikimkaribisha alisema, "Aksanti mwanangu, nimeshashiba." Alikuwa akishiba hata kabla sijainjika sufuria.

Karibu na shamba palikuwa na kiwanja cha ndeke cha zamani, kilichotengenezwa na wamisionari. Udongo mwekundu ulikuwa umeshindiliwa ukawa mgumu, na ndeke hazikushuka tena. Wanawake tulikigeuza mahali pa kuanikia mihogo. Hapakuwa na mchanga, hapakuwa na kivuli, na jua lilipiga kutwa. Mihogo iliyomenywa ikipata jua mahali pekundu hivyo, weupe wake unaumiza macho.

Vita ilikuwa imeshafika. Wapiganaji waliokuja kutoka upande wa Angola walikuwa wameshika reli, na kundi lao moja lilipiga kambi kwenye miti, karibu na mto wetu. Hawakutupiga. Walichukua kuku, walichukua mahindi, wakasema aksanti. Ndeke za Leta, yaani za serikali, zilipita juu sana kwa kuogopa bunduki, zikitafuta jeshi lao lilipo ili zilitupie chakula na risasi. Tulisikia zikinguruma, tukatazama juu, tukarudi kumenya. Tumbo halijui vita.

Asubuhi ya siku hiyo mama mkwe alianika yake katikati ya kiwanja, mstari mrefu ulionyooka kabisa, maana kila kitu chake kilinyooka. Nikafika na beseni langu. Akatabasamu.

"Mwanangu, yako uanike kule chini, mwisho kabisa. Upepo usiniletee harufu. Bamama ba parokia bataniuliza nini inaoza huku."

Mi nikasema ndiyo mama. Nikalowesha kidole nikakiinua kuona upepo unatoka wapi. Halafu nikapita na beseni langu kichwani, nikaenda juu, si chini, na pale mstari wake ulipoanzia nikaanika yangu kwa kukatisha, kulia na kushoto, ili harufu yote imshukie yeye mpaka jioni. Nilifanya makusudi. Niliimba na wimbo wa kanisani.

Aliona. Alikuwa ameketi kwenye kigoda chake akimenya, na aliona kila kipande nilichoweka chini. Akaendelea kumenya.

Jua lilipopanda, mume wangu alitokea porini alikokuwa akichoma makala, yaani makaa ya kuuza. Alikuja mweusi usoni mpaka kwenye nyusi, kapu begani. Alipofika ukingoni mwa kiwanja akasimama. Akatazama mihogo ya mama yake, akatazama yangu, na kapu likamtoka begani.

"Nani aliweka hii bitu hivi?"

"Bitu gani?" nikamuuliza.

"Toeni! Toeni mbio!"

Hapo tukausikia mngurumo. Haukuwa wa juu kama siku nyingine. Mume wangu akakimbilia katikati ya kiwanja akipunga mikono yote miwili, akituambia tuokote, tuokote, na kwa mguu akawa anapiga mihogo ya mama yake. Nilidhani amerukwa na akili. Ndeke ikatokea juu ya miti, kubwa, tumbo pana, ikapita chini kiasi kwamba vitambaa vyetu vilitaka kututoka kichwani. Ikazunguka mara moja. Ikarudi. Mlango wake wa nyuma ukafunguka, na miavuli ikaanza kushuka na masanduku chini yake.

Sasa mfikirie huyo rubani. Amezunguka asubuhi nzima anaogopa kupigwa. Anaona T nyeupe, imetandikwa vizuri, upepo sawasawa, na mwanamume katikati anampungia mikono. Bila shaka alimshukuru Mungu. Sanduku moja lilipasuka, na makopo ya samaki yakabingirika mpaka kwenye mihogo yangu.

Ndeke ikaenda zake. Ndipo wapiganaji wakatoka mitini, bunduki mkononi, wakamfunga mume wangu mikono nyuma, kwenye viwiko, kamba ikazama nyamani.

Komanda wao alikuwa mtu mzima, mwembamba, mwenye sauti ya mwalimu. Zamani alikuwa amevaa nguo ya jeshi la Leta, na huko walimfundisha kuziongoza ndeke akiwa chini. Aliizunguka mihogo yetu polepole bila kuikanyaga. Akawaambia vijana wake waje waone, akaanza kuwafundisha palepale, na mume wangu amepigishwa magoti kando.

"Bita ya juu haianzie juu," akasema. "Inaanzia kwa meza. Kuko karte, ile ramani ya inchi, kuko bakubwa banasimama pembeni yake. Banaambia rubani: ukiona hii alama, pale beko batu betu, uwatupie chakula. Usipoona alama, pale iko adui, uwatupie ile ingine. Rubani haone muntu. Anaona tu umbo. Ule anatandika umbo chini, njo mwenye kuongoza ndeke."

Akalowesha kidole chake, akakiinua, kama nilivyofanya mi asubuhi.

"Na upepo iko sawa kabisa. Mulimaji gani anajua mambo ya upepo?" Akamgeukia mume wangu. "Weye ulikuwa unafanya kazi gani?"

Nilimtazama mume wangu nikimwomba kwa macho: danganya, baba, danganya leo tu. Lakini niliolewa na mtu ambaye hata bei ya makala hawezi kuongeza.

"Nilikuwa Kolwezi, kwa kiwanja ya ndeke," akasema. "Nilikuwa natandika T."

Mama yangu we! Komanda akatikisa kichwa kwa masikitiko, si kwa hasira, na hiyo ndiyo iliyoniogopesha zaidi. Akasema apelekwe mtoni, na kila mtu alijua mtoni kuna nini. Ni huko walikompeleka mtu mmoja wa reli aliyeshikwa na fonia, redio ya kusemea mbali, na hakurudi.

Nikajitupa mbele yake, nikamwita tata, yaani baba. "Tata komanda, ile T njo yangu! Mi njo niliweka kichwa. Nilitaka mihogo yangu inuke kwa mama mukwe. Tunagombana, tata. Ndiyo maana niliweka kwenye upepo!"

Vijana wakatazamana. Mmoja akakohoa kuzuia kicheko. Komanda hakucheka.

"Bibi ya muntu anaweza kusema kila kitu," akasema. "Leteni mama."

Mama mkwe wangu alikuja akitembea wima, amejifunga kitambaa upya. Akasimama mbele ya bunduki zile kama anayesubiri padri amalize kusoma. Hakuwa karibu niliposema maneno yangu; vijana walikuwa wamemzuia kule mwisho wa kiwanja. Alichojua ni kwamba mtoto wake yuko magotini, na kwamba mbele ya wageni familia inatakiwa ionekane safi. Hiyo ndiyo dawa aliyoijua, na alikuwa ametumia dawa hiyo maisha yake yote.

"Mama," komanda akamuuliza, "weye na mukwe wako munagombanaka?"

Akatabasamu. Nilipoliona tabasamu lile moyo ukanipasuka.

"Aka, tata! Huyu ni mutoto wangu. Kwetu hakuna maneno. Siye batu ba kanisa."

"Mihogo yake, juu ya nini iko kule juu, imekatisha?"

"Ni nafasi tu, tata. Tulipanga pamoja."

Tulipanga pamoja! Wazee wanasema mficha maradhi kifo humuumbua, lakini huyu alikuwa anaficha ya kwake na kifo kinamwendea mwanawe. Komanda akainua mikono, akawaambia vijana, "Munasikia. Balipanga pamoja." Wakamshika mume wangu makwapani wakamsimamisha. Alikuwa ananitazama mi, si mama yake.

Ningeweza kusema na komanda kwa Kilunda, lugha ya kwetu Sandoa. Sura yake ilikuwa ya kwetu, na nilimsikia akiongea na vijana wake. Lakini kwa Kilunda ningekuwa naomba huruma tu, na huruma hakuwa nayo siku ile. Alitaka ushahidi. Ushahidi ulikuwa umekaa ndani ya mama mkwe wangu, umefungiwa kwa miaka, na ufunguo nilikuwa nao mi.

Nikaenda kwenye beseni langu, mlimokuwa na mihogo iliyobaki, mibichi, bado inatoka maji. Nikalibeba, nikalimwaga lote juu ya mihogo yake myeupe iliyonyooka.

"Hakuna maneno?" nikamwambia. "Basi kula! Kula mbele yao! Tangu nimeolewa hujaonja mukono wangu. Onja leo, mama, kama kweli hakuna maneno!"

Akatazama mihogo yake.

"Nimeshashiba, mwanangu," akasema.

Jamani! Mwanawe anaburutwa, na yeye ameshashiba! Nilitaka kulia na nilitaka kumrukia, vyote pamoja. Walikuwa wameshafika ukingoni mwa kiwanja. Basi nikalitoa neno ambalo nilikuwa nimeapa nitazikwa nalo.

"Tata mukwe alikula!" nikapiga kelele. "Alipokuwa mugonjwa, alikuwa anakuya jikoni kwangu ukienda kanisani. Alikuwa anakula bukari yangu mpaka analamba sahani. Alisema yako haina ladha, inafanana na karatasi!"

Tabasamu likaondoka. Sikuwahi kuuona uso wake bila tabasamu wala sala, na niliogopa.

"Muongo!" Sauti ile sikuijua, hata ndeke wa mtini waliruka. "Muongo we, mutoto wa shetani! Mihogo yako inanuka imbwa ya kufa! Nilikuambia asubuhi anika kule chini, ukalowesha kidole, ukatafuta upepo, ukapanda juu makusudi, unaimba wimbo ya Bikira Maria! Toka asubuhi nameza ile harufu! Nilimukataza mutoto wangu asikuoe. Nilipiga magoti! Unakula nyumba yangu, unajaza mudomo yako, na tumbo yako haitoe hata panya!"

Akaokota mihogo, akanirushia. Kipande kimoja kilinipata shavuni. Mi nikamrushia cha kwangu. Kijana mmoja akacheka mpaka akakaa juu ya sanduku la Leta. Lakini mi sikucheka. Neno la tumbo lilikuwa limeniingia, na hata leo najua mahali lilipokaa.

Komanda alikuwa ameinua mkono, na wale waliomshika mume wangu wamesimama. Akauliza polepole, "Mama, umesema alilowesha kidole?"

"Nilimuona kwa macho yangu!"

Akainama. Akachukua kipande cha mihogo yake, akanusa. Akachukua cha kwangu, akanusa, akarudisha kichwa nyuma. Akatembea mpaka mwisho wa mstari, akasimama pale na upepo usoni, macho amefumba. Sijawahi kuombea harufu ya mihogo kama nilivyoombea dakika ile. Nuka, nilisema moyoni, nuka leo kuliko siku zote.

"Inafika mpaka huku," akasema. Kisha akasema kwa Kilunda, kama anajisemesha mwenyewe, "Inanuka kama ya nyumbani." Akawaambia wamfungue mume wangu.

Halafu akasimama akiitazama anga ilikokwenda ndeke. "Rubani atafika kule, ataambia bakubwa ameona batu yake," akasema. "Bataandika kwa karte: hapa tuko na kikosi. Bakubwa bazima, na masomo yao yote. Kumbe ni bibi wawili." Hakuna aliyecheka, hata yule kijana. Akatuamuru tuondoe kila kitu cheupe kabla jua halijazama, maana wakubwa wakigundua hapa hawana kikosi, rubani akirudi akikuta T ileile atajua aliongopewa na atatupiga risasi sote.

Tuliokota mihogo ikiwa mibichi, tukairundika ndani, ikaota ukungu. Kesho yake ndeke ikarudi. Tulilala kifudifudi kati ya mistari ya shamba, mdomo kwenye udongo, mi upande huu wa mume wangu na mama yake upande ule. Sasa tulikuwa tumefundishwa kwamba asiye na alama anatupiwa ile ingine. Ikazunguka. Ikarudi chini zaidi. Mama mkwe alikuwa anasali kwa Kiluba, na mkono wake ulikuwa umeshika kitambaa changu, sijui kama alijua. Ikaendelea kuzunguka, kisha ikaondoka kuelekea Kolwezi, na hakikuanguka kitu.

Tulipoingia nyumbani hatukuwa na unga mwingine ila wangu wa zamani, wa mihogo mitupu. Mahindi yake yalikuwa yameliwa na wapiganaji. Nikapika. Nikaweka bukari na sombe, kisamvu chetu, mbele ya mume wangu, akanyoosha mkono, na mkono haukufumba. Vidole vilikuwa vimevimba kwa kamba, havikuweza kukata tonge.

Mama yake akasogea. Aliitazama ile bukari kwa muda. Akakata, akafinyanga, akachovya kwenye sombe, akamtia mtoto wake mdomoni. Akarudia, akarudia tena, mpaka mwanawe akatikisa kichwa kwamba ametosheka. Tonge moja likabaki mkononi mwake. Akalitazama, akalila.

Nikamuuliza, kwa sababu mi siwezi kunyamaza: "Mama, ile bitu yote ulinitukana jana, ulisema ju ya kumuponyesha?"

Akatafuna, akameza.

"Si yote," akasema.

Nilishukuru kwamba hakunidanganya, na machozi yakanitoka hivyohivyo. Akaniacha nilie. Kisha naye akauliza bila kunitazama, "Na ile ya tata, kukuya jikoni kwako, iko kweli?"

"Iko kweli, mama."

"Nilijua," akasema. "Mikono yake ilikuwa inanuka mihogo yako. Alikuwa ananishika nayo usiku, na mi nanyamaza."

Akaisogeza sahani upande wake, akakata tonge lingine.